Koti la Mtangazaji

Jumapili, 5 Mei

Mechi nzima nimekaa na redio mapajani, na jina la mwanangu limetajwa mara mbili. Mara ya kwanza alipoangushwa. Mara ya pili alipoangusha yeye. Basi. Hapo katikati ungedhani timu inacheza watu kumi.

Yule winga mwenye nywele za njano katajwa mpaka masikio yangu yakachoka. Winga kapiga, winga kakosa, winga anafunga kamba za viatu. Na huo mpira ulimfikiaje? Ulimwotea mguuni kama uyoga? Kuna mtu alimpa. Mtu huyo nilimzaa mimi, kwa uchungu wa siku mbili.

Mdogo wangu, fundi baiskeli, alikuwa hapa tunasikiliza pamoja. Akasema, dada, kiungo wa kati ni kama chumvi, ukiona inatajwa mezani ujue imezidi. Nikamwambia anyamaze ale.

Ningekuwa uwanjani ningejionea mwenyewe. Lakini klabu imeniomba nipumzike kuja kwenye mechi hadi msimu uishe. Kosa langu? Mwezi wa tatu tulipata mpira wa adhabu, ukuta wao ukasimama karibu mno, refa hakuona, nami nilikuwa na tepu yangu ya kupimia nguo shingoni kama siku zote. Nikaingia kupima. Kipimo ni kipimo. Nilikuwa naihamisha tepu mara ya tatu pale walinzi waliponishika mikono. Mwanangu alijifunika uso kwa jezi.

Lakini ukuta ulirudishwa nyuma. Hilo hawalisemi.

Jumanne, 7 Mei

Leo kaja mteja wa ajabu. Nimeinama kwenye cherehani, nikasikia mlangoni, "Hodi, mama. Fundi yupo?" Nikakaa kwanza kabla ya kuitika. Sauti ile! Kila Jumapili iko mapajani mwangu, leo imeota miguu. Mtu mwenyewe mwembamba, shingo kama ya chupa. Sijui sauti yote ile anaiweka wapi.

Anataka koti. Watangazaji wana sherehe yao ya tuzo Ijumaa tarehe saba mwezi ujao, naye ni mmoja wa wanaoshindania. Kaleta kitambaa cheusi kizuri, kizito, kinaanguka vizuri. Nikampima mabega, kifua, mikono. Nilipofika kiunoni nikamwuliza kama anamfahamu namba nane.

Akasema, Kiraka? Anamfahamu. Mchezaji mtulivu.

Nikamwambia mtulivu huyo ni wangu.

Kiraka ni jina walilompa magazetini, kwa sababu popote palipotoboka kocha humweka yeye. Leo kati, kesho beki, na siku moja hata golini, kipa alipotolewa. Mwanzoni nilichukia. Baadaye nikasema aah, mimi nimetia viraka tangu msichana, najua kiraka kizuri ni kile ambacho jicho linakipita.

Nikamwuliza mtangazaji, sasa mbona humtaji? Akasema, mama yangu, mimi nafuata mpira, na mpira kwake haukai, ukifika tu ameshautoa. Nikamwambia ndiyo kazi yenyewe hiyo. Akacheka, akaondoka.

Kitambaa nimekikata jioni hii hii. Sare za shule zitasubiri.

Jumapili, 12 Mei

Katajwa mara moja. Tena kwa kuchanganywa na jina la mtu mwingine.

Nimeizima redio nikaenda kukaa mbele ya pazia. Pazia la chumba cha kujaribia nguo nimelishona mwenyewe kwa jezi zake za zamani. Iko ya kiwanda cha sukari, alikoanzia. Iko ya magereza. Iko ya tajiri wa mabasi, aliyefilisika katikati ya msimu wachezaji wakarudi makwao kwa miguu yao. Iko ya chuo, ambako alikaa miaka miwili na mlinzi wa geti akimwuliza kila asubuhi anasoma nini. Jumla timu nane. Hii ya tisa ndiyo ya mji wetu, iliyomkataa akiwa kijana ikamchukua ana miaka thelathini na tatu. Mteja akijaribu suruali, kichwa kinachungulia juu ya sukari na miguu inaonekana chini ya magereza.

Watu wanacheka. Wacheke. Ni wangapi wana mtoto anayetosha pazia zima?

Jumanne, 14 Mei

Mtangazaji kaja kujaribu. Koti halina mikono. Kajitazama kwenye kioo, akauliza mikono iko wapi.

Nikamwambia mikono ya koti ni kazi ngumu, inataka moyo mweupe, na moyo wangu Jumapili uliumia. Akanitazama. Nikamtazama. Nina pini mdomoni, siwezi kucheka.

"Mama, unanitishia?"

"Mimi? Mimi ni fundi cherehani tu, baba. Njoo wiki ijayo."

Akasema yeye tangu azaliwe amedanganywa na mafundi wengi, kesho njoo, kesho kutwa njoo, lakini hajawahi kukutana na fundi wa masharti. Nikamwambia kila kitu kina siku yake ya kwanza. Katoka akitikisa kichwa. Lakini mlangoni kageuka, kaniuliza mwanangu anapenda kutumia mguu gani.

Yote miwili, nikasema. Andika.

Jumapili, 19 Mei

Nimecheka mpaka nimemwaga chai.

Kiraka anapokea. Kiraka anaangalia kushoto, anaangalia kulia. Kiraka anamwelekeza beki. Kiraka yupo, Kiraka bado yupo, Kiraka hajaondoka. Mpira uko upande wa pili kabisa wa uwanja, winga anahangaika nao, mtangazaji anatueleza Kiraka amesimama wapi!

Mdogo wangu kaweka kikombe chini. Akasema, dada, huyu mtu umemfanya nini? Mwanao katajwa hata wakati anakunywa maji.

Nikasema, ukweli ukidhihiri, uongo hujitenga. Ameanza kuona.

Akanikazia macho, kisha akalikazia macho koti pale kwenye henga. Mdogo wangu si mjinga. Alipika uji wangu nilipokuwa mzazi, ananijua.

Jumatatu, 20 Mei

Mkono wa kulia nimeshauunganisha. Umekaa vizuri, kama ulizaliwa pale. Wa kushoto bado. Mambo hayaendi haraka.

Mwanangu kaja kula mchana. Kashiba, kaniaga, akashuka vidato vya mlangoni kinyumenyume. Kashika fremu ya mlango, uso kwangu, mgongo barabarani, anashuka kidogo kidogo kama mtu anayetoka darini. Nikamcheka. Nikamwuliza amesahau njia ya mbele? Akasema ni zoezi, mama, la kocha, la misuli ya nyuma.

Nimewaeleza wanawake wote waliokuja leo kuchukua nguo. Mazoezi ya kisasa hayo. Mmoja kajaribu kushuka vile vile, nusura avunjike kiuno.

Nilimweleza na mdogo wangu jioni. Hakucheka. Akasema hata baiskeli kuukuu, mlima kupanda si shida, shida kuteremka. Simwelewi siku hizi. Wivu wa mjomba.

Jumapili, 26 Mei

Sasa huyu mtangazaji ameonja utamu. Sikumwambia afike huku. Leo kasema Kiraka anacheza kama ana miaka ishirini. Kasema mapafu mawili hayamtoshi, lazima ana la tatu kaazima mahali. Kipindi cha pili ikaja pasi moja ndefu, sikuiona lakini niliisikia. Sauti yake ilibadilika kabisa, ikashuka, kama mtu aliyeingia chumba chenye mgonjwa. Akasema tu, "Aliuona mlango kabla haujafunguliwa." Kisha kelele za goli.

Nimejifuta macho kwa kitambaa cha bitana.

Jumatatu, 27 Mei

Habari! Habari kubwa!

Mwenyekiti wa klabu kampigia mwanangu simu. Yeye ana kiwanda chake cha unga mji wa mbali, na uwanjani hakanyagi kabisa, anaamini akija tu timu inafungwa. Mechi zote husikiliza kwenye gari lake, vioo juu. Sasa kamwambia mwanangu amekuwa akimsikia majuma haya, na anashangaa kwa nini mkataba wa mtu kama huyu unaachwa uishe. Anampa miaka miwili zaidi. Miwili! Anakuja mwenyewe Ijumaa tarehe saba kutia sahihi, ofisini, si uwanjani, ili asilete mkosi.

Mwanangu alikuwa kasimama hapa kwenye cherehani, mikono haijui ikae wapi. Alivyokuwa akicheka ni vile vile kama siku ile babake, Mungu amrehemu, alipomletea viatu vyake vya kwanza vya njumu akalala navyo.

Nikamwambia nani alikuwa na shaka? Nikatoka barabarani. Nimemwambia muuza nyama. Nimemwambia kinyozi. Nimemwambia mwalimu mkuu aliyekuja kuuliza sare, akasema hongera mama, na sare? Nikamwambia, mwalimu, leo unaniuliza sare?

Jumatano, 29 Mei

Ngoja nikae sawa.

Mchana nilikuwa nyuma ya pazia napiga pasi mashati. Mwanangu na mkwe wangu wakaingia. Mkwe wangu ni muuguzi, alikuwa na sare zake za kazi, walikuja kunisubiri twende kula. Waliona kiti changu kitupu, wakadhani nimeenda dukani. Nilitaka kukohoa. Kisha nikasikia sauti ya mkwe wangu iko chini, nikaacha kukohoa.

Akamwambia, wewe ulisema msimu huu ndio mwisho. Ulisema mwenyewe, kitandani, umeshika goti. Kocha amekupa timu ya vijana uifundishe, amekungoja miezi, anataka jibu Ijumaa hiyo hiyo. Usipoichukua anampa mtu mwingine.

Mwanangu akasema, nilisema kabla ya haya. Hujasikia redio? Wanasema nacheza kama nina miaka ishirini. Pengine wao wanaona kitu ambacho mimi siwezi kukiona nikiwa ndani. Pengine bado ninayo.

Mkwe wangu akasema, "Redio haijakuona ukishuka kitandani."

Akasema tena, goti hili limetolewa maji mara ngapi? Daktari alikwambia nini? Alikwambia likikatika tena hata ngazi utapandishwa. Unashuka vidato vya mama kinyumenyume, unamwambia ni zoezi, naye anatangaza mtaa mzima.

Nilishika pasi ya moto hewani, sina pa kuiweka.

Na mama, akasema mwanangu. Nitamwambiaje mama? Ameshona maisha yake yote kwenye pazia hili.

Mkwe wangu akasema, mama yako ana akili kuliko unavyodhani.

Hapo ningetoka nimkumbatie. Lakini ningetoka na uso gani? Nimepitia mlango wa uani, nimezunguka, nimerudi kwa mbele na kitunguu mkononi. Nikasema ooh, kumbe mmefika. Tukala. Mwanangu akala kwa raha, anapanga miaka yake miwili. Shati la mteja nimeliunguza mgongoni.

Alhamisi, 30 Mei

Nilimwita mtangazaji. Kaja mbio, anadhani mkono wa kushoto uko tayari. Nikamwambia aache.

"Niache nini, mama?"

"Kumtaja."

Akakaa kwenye kiti cha wateja. Akaniambia, mama, unajua watu wazima tunavyoheshimiana. Wiki mbili nimemsifu mtu akiwa amesimama. Nimemsifu akiwa ametoka nje kufungwa bandeji. Wasikilizaji wamenipigia simu kuniuliza kama nimemwoa dada yake. Sasa niache?

Uache, nikasema. Urudi kwa winga wako.

Akauliza kumetokea nini, nami sikumwambia. Nikamwuliza jambo moja tu, nikiwa nimeshika sindano ili nisimtazame. Yale unayosema ulikuwa unayaona?

Akajikuna shingo. Akasema, nusu nayaona, nusu ni mkono wa kushoto. Anachelewa sasa, mama. Anafika, lakini anafika akiwa amejua pa kwenda tangu zamani, ndiyo maana haonekani kuchelewa sana. Kisha akasema, ila ile pasi ya Jumapili, ile sikukusemea wewe. Ile ningeitaja hata kama ningevaa gunia kwenye sherehe.

Nikampa chai. Sikumpa koti.

Jumapili, 2 Juni

Kiraka hakutajwa hata mara moja. Mtangazaji katimiza ahadi. Winga, winga, winga.

Nilidhani nitapumua. Sikupumua. Kumbe nimezoea.

Mdogo wangu kaniuliza koti linakwisha lini. Nikamwambia lile swali si la kwake. Akasema, dada, wewe ukianza kushona kitu chenye uongo huwa unashona haraka, ukifika penye ukweli ndipo unakosa uzi. Ningemrushia mkasi, lakini ni mkasi mzuri.

Jumatatu, 3 Juni

Mambo yameharibika zaidi. Niliyemfungia mlango kaingilia dirishani.

Mwanangu kapita asubuhi anacheka peke yake. Mwenyekiti kapiga tena simu. Alisikiliza jana kwenye gari, mpaka mwisho, hakusikia jina la Kiraka hata mara moja, na akaelewa yake. Anasema timu pinzani wamewahonga redio. Wanamficha mchezaji ili mwenyekiti amsahau, wao wamchukue. Kwa hiyo haji Ijumaa mchana, anakuja Ijumaa asubuhi, kabla hawajamwahi.

"Mama, unaona? Nilikuwa nazunguka timu kwa timu nikiomba, leo wanagombania."

Nikasema naona, baba.

Nilifungua mdomo niseme. Badala ya maneno nikamwuliza kama suruali ya kuvaa Ijumaa anayo. Hana. Nikamwambia nitamshonea.

Jumanne, 4 Juni

Nimefunga duka mchana, nimeenda uwanjani.

Walinikataza mechi. Mazoezi hawakuandika. Nikasimama nje ya wavu, nyuma ya gari la maji, nimevua na tepu nikaiweka mkobani, nisije nikajulikana.

Miezi imepita sijamwona akicheza. Nilikuwa namwona kwa masikio.

Mwanangu anatembea. Wengine wanakimbia, yeye anatembea. Mimi si kocha, lakini miaka ishirini nimemwangalia yeye, mpira siutazami, mpira haukutoka tumboni mwangu. Najua mwendo wake kama ninavyojua mshono wangu. Goti la kushoto halikunjiki. Analitupa kwa pembeni, kama mtu anayebeba ndoo isimwagike. Kijana mmoja mwenye kasi kampita kama anapita mti. Akapitwa tena. Mara ya tatu hakumfuata, akanyoosha kidole tu, kijana mwingine akakimbilia pale kidole kilipoonyesha, mpira ukaja wenyewe.

Mazoezi yakaisha. Nikataka kuondoka. Ndipo vijana wa timu ndogo wakaingia, karibu ishirini, soksi zimeshuka, makelele. Wakamzunguka. Hakuitwa, hakulipwa, alibaki tu. Akachukua chupa za maji akazipanga kwenye nyasi, akawaonyesha jinsi ya kugeuka. Polepole, kwa sababu hawezi haraka, na kwa sababu ni polepole wote waliona. Mmoja akakosea akaangukia chupa. Mwanangu akacheka. Sijasikia kicheko hicho tangu timu ya sukari. Kile cha simu ya mwenyekiti kilikuwa cha mtu aliyesifiwa. Hiki kilikuwa chake.

Akamwita yule wa chupa, akamshika mabega akamgeuza, mara moja, mara mbili, kama ninavyomgeuza mteja mbele ya kioo.

Kisha akapanda jukwaani kuchukua mfuko wake, na kushuka akashuka kinyumenyume. Kashika chuma kwa mikono yote miwili. Hakujua kuna mtu anatazama. Hapakuwa na zoezi.

Nimerudi kwa miguu. Nimepita kwa muuza nyama, akaniita, mama Kiraka, Ijumaa tunasherehekea? Nikasema nyama yako leo ina mafuta mno. Masikini, haikuwa na kosa.

Jumatano, 5 Juni

Mkono wa kushoto nimeuunganisha leo. Ulinisumbua. Nilitoa mishono mara mbili.

Mwanangu alipita jioni nimpime suruali. Nilipiga magoti kupima kutoka kiunoni hadi kisigino. Goti liko pale mbele ya uso wangu, limevimba kama andazi. Nikaligusa kwa tepu, akavuta pumzi. Akasema tepu ya baridi, mama.

Hapo ndipo pa kusema. Nilikuwa nimepiga magoti kabisa, nafasi gani nyingine ungetaka? Ningesema, baba, mtangazaji alikusifu kwa sababu nilimnyima mikono. Maneno madogo. Nikasema, umekonda, kuna ugali umebaki.

Tatizo si kwamba atanikasirikia. Atanikasirikia, atasamehe, nimemzoea. Tatizo ni kwamba nikimwambia sifa zile zilikuwa za koti, atadhani zote zilikuwa za koti. Hata ile pasi. Na ile ilikuwa yake. Hiyo siwezi kumwambia mimi, mimi ni mama yake, kila siku namsifu, sifa yangu haina bei. Lazima aisikie kwa mdomo ulioiona.

Basi nimefanya hivi. Mwanangu nimemwambia kesho saa nne aje ajaribu suruali. Mtangazaji nimempelekea ujumbe koti liko tayari, kesho saa nne, asichelewe. Mkwe wangu nimempitia hospitali, nikamweleza yote, tangu mkono wa kwanza. Alisikiliza ameziba mdomo kwa mkono. Nikadhani analia. Alikuwa anacheka. Kisha akalia kidogo pia.

Akasema, mama, wewe.

Sikujua ni sifa au ni tusi. Nimeichukua kama sifa.

Alhamisi, 6 Juni

Koti limekwisha. Nimelipiga pasi mara tatu. Vifungo vyote vipo, matundu nimeyatia kwa mkono. Kama hapati tuzo kwa sauti, apate kwa mabega.

Saa nne kasorobo mwanangu akafika. Akaingia nyuma ya pazia na suruali, anaimba imba. Kichwa kinatokea juu ya jezi ya sukari. Nikakitazama kichwa kile. Kina mvi tatu pale juu ya sikio, wakati anavaa jezi ile kilikuwa na chunusi.

Akaniambia kutoka humo, mama, hii ya tisa nayo ukiipata utaitia wapi, pazia limejaa. Nikasema kitambaa hakikosi pa kukaa.

Mtangazaji akagonga saa nne kamili. Nami, na umri wangu huu, nikasema karibu, kaa, naenda kuchukua koti. Nimekimbilia chumba cha nyuma. Koti halikuwa chumba cha nyuma. Lilikuwa kwenye mkono wangu tangu mwanzo.

Sasa niko hapa, nimekaa kwenye furushi la vitambaa, koti mapajani palipokuwa redio. Naandika ili mikono iwe na kazi. Nawasikia.

Mwanangu katoka nyuma ya pazia, wamesalimiana. Mwanangu anamshukuru. Anasema, kaka, nilikuwa nataka kukuona, maneno yako yale yamenirudishia mguu. Eeh Mola wangu.

Mtangazaji, ambaye hawezi kunyamaza hata mpira ukitoka nje, amenyamaza.

Sasa anasema. Anasema pole pole, kwa ile sauti ya chumba cha mgonjwa. Nasikia "mkono wa kulia." Nasikia "mama yako." Nasikia "si ile pasi, ile hapana, sikiliza, ile nitaisema mpaka nizeeke."

Nasikia kiti kimelia. Hatua moja kuelekea huku, nzito, halafu ile ya goti la kushoto.

Ameita. "Mama." Si kwa ukali, wala si kwa upole. Kama mtu anayepapasa ukuta gizani kutafuta swichi.

Nimemjibu nakuja, baba, bado kifungo kimoja.